Sahihi ya Mtu wa Mbali

Swali ninalotaka kulichunguza katika kurasa hizi ni hili: mtu aliye mbali, ambaye hajapata kukanyaga ardhi ya mahali fulani wala hatarajii kuikanyaga, ana haki gani ya kusema neno juu ya mambo ya mahali hapo? Zamani swali hili lilikuwa la wafalme, wamisionari na mabalozi. Siku hizi ni la kila mwenye simu ya kiganjani. Kidole gumba kinabonyeza, sahihi inakwenda, na serikali iliyo upande wa pili wa dunia inapokea maelfu ya barua kabla jua halijatua. Vijana wanaiita kazi hii harakati za mtandaoni. Wako wanaoisifu kana kwamba ni ukombozi mpya, na wako wanaoidharau kuwa ni uvivu wa watu waliokaa vitini. Mimi sioni kuwa kundi lolote kati ya hayo mawili limefikiri vya kutosha, na kilichonifanya nisione hivyo ni barabara.

Kata yetu ya Machochwe iko wilayani Serengeti, mpakani na hifadhi. Mtu akiinua kichwa shambani mwake anaona nchi isiyo na mashamba. Mjini kwetu ni Mugumu, na mtu wa Mugumu anayetaka kwenda Arusha ana njia mbili. Ama apande basi likatalo katikati ya Hifadhi ya Taifa ya Serengeti na Ngorongoro, huku akilipa kiingilio ingawa hakwenda kutazama simba. Ama azunguke kupitia Mwanza, Shinyanga na Singida, safari inayomaliza nauli na mgongo. Katika kampeni za uchaguzi wa mwaka 2005 mgombea wa urais, Jakaya Kikwete, aliahidi barabara. Mwaka 2010 serikali ikatangaza kwamba ujenzi utaanza: barabara itoke Natta, ipite Mugumu na Tabora B, ivuke kaskazini ya hifadhi hadi lango la Kleins, ifike Loliondo na kuteremka Mto wa Mbu. Kipande cha ndani ya hifadhi ni kilometa 53 tu.

Sina haja ya kueleza furaha iliyokuwapo. Mtu aliyepata kuona mama mwenye uchungu wa uzazi akisukumwa kwa baiskeli katika matope ya masika hahitaji kuelezwa faida ya lami. Mahindi yetu yangepata soko la mashariki. Walimu wapya wasingeomba uhamisho wiki ile ile waliporipoti. Hilo la walimu nalijua kuliko mengine, maana ni mimi niliyekuwa nikizisoma barua zao, na karibu zote zilianza na sababu za afya.

Ndipo dunia ilipoamka. Kwenye Facebook ukaanzishwa ukurasa wa kuipinga barabara, na asasi iitwayo Serengeti Watch ikaendesha kampeni hiyo mtandaoni. Maombi yenye sahihi za watu wa Ulaya na Marekani yakazunguka. Mwezi Septemba 2010 wanasayansi 27 waliandika katika jarida la Nature kwamba barabara ile ingeiangamiza Serengeti. Hoja yao haikuwa ya porojo. Nyumbu zaidi ya milioni moja huzunguka kila mwaka kufuata mvua na majani, na wakati wa kiangazi hutegemea maji ya Mto Mara. Barabara kuu yenye malori usiku na mchana, na pengine baadaye uzio wa kuzuia ajali, ingewakata na maji hayo. Nyumbu wakipungua, majani hayaliwi, moto unaongezeka, miti inabadilika, simba wanakosa chakula. Mambo hayo mtu aliyezaliwa hapa anayafahamu hata bila jarida.

Shirika moja la Kenya la kutetea wanyama lilifungua shauri katika Mahakama ya Afrika Mashariki jijini Arusha mwezi Desemba 2010. Mwezi Juni 2011 Waziri wa Maliasili na Utalii, Ezekiel Maige, aliuandikia ofisi ya Urithi wa Dunia ya UNESCO huko Paris kwamba zile kilometa 53 zitabaki za changarawe, chini ya TANAPA. Watu wa mtandaoni walishangilia kwamba barabara imefutwa. Barua haikusema hivyo, ilisema tu kwamba hapatawekwa lami ndani ya hifadhi. Lakini habari ikishapita katika simu laki moja hubaki na neno moja tu, ama ushindi ama msiba. Tarehe 20 Juni 2014 mahakama ikatoa hukumu: ujenzi wa barabara ya lami kukatiza hifadhi ungevunja Mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki.

Basi, ndugu msomaji, tuseme bila kuzunguka. Juu ya nyumbu, watu wa mbali walikuwa na haki. Mimi si adui wa nyumbu. Nimewafundisha watoto habari zao kwa miaka mingi, na nisingependa mjukuu wangu aje kuwaona katika picha tu kama tunavyowaona sasa vifaru wa mahali pengi. Laiti kelele ile isingekuwapo, sijui nani angeilazimisha serikali kusita na kujibu. Barua za wanasayansi peke yake zingelala katika jalada. Hapa nampa mtu wa mtandaoni haki yake yote.

Lakini nilipokuwa chuo cha ualimu tulifundishwa kutenganisha jibu sahihi na njia iliyolifikisha. Mtoto anaweza kuandika 42 na 42 ikawa ndiyo, naye akawa amenakili kwa jirani. Kwa hiyo suala langu si kama walisema kweli. Nauliza kama kusema kweli kunatosha.

Wapo wazee wenzangu wanaolikata jambo hili kwa upanga mmoja. Wanasema: mambo ya Machochwe ni ya Machochwe, asiyekula ugali wetu asitupangie. Sikubaliani nao, na ninawakumbusha yale waliyoyafanya wenyewe. Katika miaka ya 1960 na 1970 sisi sote tuliimba mashuleni juu ya Msumbiji, Angola, Rhodesia na Afrika Kusini. Hakuna aliyetuuliza kama tumewahi kufika Lourenço Marques. Kamati ya Ukombozi ya OAU ilikuwa na makao yake Dar es Salaam tangu mwaka 1963, na sisi tuliona ni fahari. Kama mtu wa mbali hana haki ya kusema, basi wimbo wetu wote ulikuwa udaku.

Na tuliwahi kuwa upande wa pili pia, upande wa kuomba. Mwaka 1951 Serikali ya Kiingereza iliwafukuza Wameru wapatao elfu tatu kutoka Engare Nanyuki ili ardhi yao wapewe walowezi wa kizungu. Wameru walichangishana fedha, na mwaka 1952 Kirilo Japhet alikwenda New York pamoja na wakili Earle Seaton kusema mbele ya Umoja wa Mataifa. Aliwaendea watu wa mbali makusudi, kwa sababu wa karibu walikuwa wamemziba masikio. Ardhi haikurudi wakati ule. Lakini aliporudi alizunguka nchi akieleza, na wengi waliojiunga na TANU baadaye walikuwa wamemsikia kwanza yeye. Hakuna mtu anayesema leo kwamba wajumbe wa New York walikuwa wakijiingiza katika mambo yasiyowahusu.

Hivyo haki ya mtu wa mbali ninaikubali. Tofauti naitafuta mahali pengine. Wengi huitafuta katika gharama, na kwa muda nami niliifuata njia hiyo. Tanzania ilipovunja uhusiano na Uingereza mwezi Desemba 1965 kwa ajili ya Rhodesia, ilipoteza mkopo wa pauni milioni saba na nusu, fedha ambazo nchi changa ilikuwa ikizihitaji kama maji. Neno letu lilikuwa na bei. Wameru waliuza ng'ombe kumpeleka mjumbe wao. Aliyebonyeza Facebook mwaka 2010 alipoteza nini? Sekunde tano, na hata hizo alizipoteza akiwa anasubiri chai ichemke.

Hata hivyo hoja hii ina kasoro, na heri niiseme mwenyewe kabla msomaji hajaniwahi. Gharama haiufanyi uongo kuwa kweli. Mtu anaweza kuuza ng'ombe wake wote kwa ajili ya upuuzi, na Wakurya tumewaona wengi waliofanya hivyo mahakamani. Na neno la bure linaweza kuwa la kweli. Mtoto anayepiga kelele kwamba nyumba inawaka hakulipa kitu. Basi gharama inatusaidia nini? Nadhani inasaidia katika jambo moja: aliyelipa hakai mbali na matokeo. Aliyetoa ng'ombe atauliza kesho, na kesho kutwa, na mwakani. Yule wa sekunde tano ameshaondoka. Amekwenda kumtetea nyangumi.

Hapo ndipo penye kidonda chetu. Barabara ya lami kukatiza hifadhi ilipokataliwa, ilisemwa kwamba iko njia nyingine, ya kuzunguka kusini, na Benki ya Dunia na Ujerumani walionyesha nia ya kusaidia. Vizuri. Lakini tazama tofauti ya kelele. Wakati wa kusema "isijengwe" sahihi zilikuja kama nzige. Wakati wa kusema "basi wajengewe nyingine" nzige walikuwa wamehama. Na barabara ya kusini, hata ikijengwa leo, haipiti Machochwe. Lami ya kutoka Makutano kuja Natta na Mugumu imekuwa ikija kwa vipande, tunaipokea kama mgonjwa apokeavyo uji.

Chukua na habari ya tembo. Tembo akitoka hifadhini usiku mmoja anamaliza mahindi ya mwaka mzima. Mwenye shamba anaweza kupata kile tunachokiita kifuta jasho, na akiuawa mtu, ndugu zake wanapata kifuta machozi, kwa kanuni za mwaka 2011. Majina yenyewe yanakueleza kuwa si fidia. Fedha hizo ni kidogo na huchelewa. Sijaona ukurasa wenye sahihi laki moja unaodai kwamba mkulima wa Machochwe alipwe gunia zake kwa bei ya soko. Tembo mzima amependwa na dunia, gharama ya kumlisha ameachiwa mtu mmoja mwenye ekari mbili. Sisemi hivi kwa chuki. Nasema kwamba aliyeweka sahihi ili tembo aishi amechukua nusu ya mkataba, na nusu ya pili hajaambiwa kuwa ipo.

Kwa nini hajaambiwa? Kwa sababu mtu wa mbali hajui mahali, anamjua anayemsimulia. Ng'ambo ya hifadhi, Loliondo, jirani zetu Wamaasai walipata mtandaoni kinyume cha yaliyotupata sisi. Kuanzia mwaka 2012 shirika la Avaaz lilikusanya sahihi, nazo zikapita milioni, kupinga wasihamishwe katika eneo la kilometa za mraba 1,500. Mwezi Septemba 2013 Waziri Mkuu Pinda alikwenda kuwaambia kuwa eneo halitachukuliwa, na mwezi Novemba 2014 Rais Kikwete aliandika katika Twitter kwamba hapakuwa na mpango wa kuwafukuza. Je, walistahili kutetewa? Ndiyo. Je, Wakurya, Waikoma na Wanata walistahili kidogo kuliko wao? Sidhani. Lakini Mmaasai ana vijana waliojua Kiingereza cha kuandika malalamiko, na ana shuka jekundu linalokaa vizuri katika picha. Sisi hatuna shuka. Ukitutafuta katika mitandao utatukuta kama majangili, wezi wa ng'ombe na wakeketaji.

Na ahadi ile ya mtandaoni ilikaa muda gani? Mwezi Juni 2022 alama za mipaka zilisimikwa Loliondo chini ya ulinzi wa askari, watu wakajeruhiwa, na askari polisi mmoja akauawa. Sahihi milioni zilikuwa zimenunua miaka kadhaa. Miaka si kitu kidogo. Watoto walizaliwa na kusoma ndani yake. Lakini asiyekuwapo hawezi kuilinda ahadi, kwa kuwa hata hajui siku inapovunjwa.

Mfano mwingine niutaje kwa haraka kwa sababu unajulikana. Mwezi Machi 2012 asasi ya Kimarekani ilitoa filamu ya Kony 2012, ikatazamwa mara milioni mia katika siku sita. Tarehe 13 mwezi ule ule filamu ilionyeshwa hadharani mjini Lira, kaskazini ya Uganda, mbele ya watu waliochinjiwa ndugu zao na jeshi la Kony. Walikasirika hata wakarusha mawe. Waliona habari ya maisha yao ikisimuliwa kupitia baba mmoja wa Kimarekani na mwanawe mdogo, na vita vilivyokwisha kuondoka kwao tangu mwaka 2006 vikionyeshwa kama vya jana. Mwaka 2017 Marekani na Uganda ziliacha kumsaka Kony, naye hakuwa amepatikana. Nadhani hakuna hukumu iliyo bora kuliko yale mawe ya Lira. Filamu ilitengenezwa kwa ajili yao, lakini hakuna aliyewaonyesha kabla.

Msomaji asidhani kwamba ubaya uko kwa wageni tu na kwamba sisi kwa sisi simu ni salama. Wakurya tuna mkutano wetu, iritongo. Pale mtu akisimama kumtaja mwizi wa ng'ombe, uso wake unaonekana, na ukoo wa anayetajwa uko pale pale unasikia. Mkutano huo umepata kuwaonea watu, hasa zile siku za sungusungu, na sitaki kuupamba. Lakini ulikuwa na breki moja: msemaji alilala kijiji kimoja na aliyemsema. Miaka michache iliyopita picha ya kijana mmoja ilisambazwa katika kundi la WhatsApp huku kwetu, kwamba ndiye aliyeonekana na ng'ombe wa wizi. Aliyeituma kwanza hakujulikana. Waliomfuata walikuwa watu wazima, wengine niliwafundisha kusoma. Kijana alikaa kwa mjomba wake miezi mitatu akiogopa kurudi, ndipo ikajulikana kwamba picha imetolewa katika ukurasa wake na ng'ombe wale hawakuwa hata wa wilaya yetu. Hakuna aliyesimama kusema "ni mimi". Katika iritongo angepatikana wa kulipa faini ya ng'ombe. Katika simu kila mmoja alisema amepeleka tu alivyopokea.

Na hata pale watu wanapotumia mtandao kwa jambo lao wenyewe, hatari haigawanyiki sawa. Mwezi Juni 2024 vijana wa Kenya waliupinga Muswada wa Fedha, kwanza katika simu, kisha barabarani. Tarehe 25 waliingia Bungeni. Makumi ya watu walikufa katika siku zile. Na tarehe 26 Rais Ruto akasema hatausaini. Hawa huwezi kuwaita watu wa sekunde tano. Lakini wako waliokuwa wakiwahimiza kutoka miji ya ng'ambo, usiku kwao ni mchana, na hao hawakuzika mtu. Hapa kwetu Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 na kanuni za maudhui za mwaka 2020 zinamfanya mwalimu wa Mugumu afikiri mara mbili kabla ya kuandika sentensi ambayo mwenzake wa Berlin anaiandika akipiga miayo. Mwezi Mei 2025 mtandao wa X ulizuiwa nchini, na siku ya uchaguzi, tarehe 29 Oktoba 2025, intaneti ilizimwa, ikakaa hivyo siku kadhaa. Fikiri maana yake. Wenye habari walinyamazishwa, na dunia ikabaki kuwasikiliza wasiokuwapo. Aliyekuwa nje ndipo alipohitajiwa zaidi, na ndipo alipokuwa hana njia ya kujua kama analosema ni kweli. Serikali inayolalamika kwamba watu wa mbali wanapotosha habari zake ingefikiri pia ni nani aliyewaachia uwanja peke yao.

Sasa niseme jambo lililonifanya nisikubali kuwaweka watu wa mbali wote katika kapu moja. Kuanzia mwaka 2015 upo mradi uitwao Crowd2Map. Watu wa kujitolea kutoka nchi nyingi hukaa majumbani mwao, hutazama picha zilizopigwa na setilaiti, na kuchora juu yake barabara, vijia na nyumba za vijijini Tanzania ambazo ramani za kawaida zilikuwa zimeziacha nyeupe. Serengeti ni moja ya mahali walipoanzia, na kilichowasukuma ni wasichana wanaokimbia ukeketaji. Kwetu msimu wake ni Desemba, shule zinapofungwa. Sheria ya mwaka 1998 inakataza kumkeketa binti aliye chini ya miaka 18, lakini sheria haiwezi kumfikia mtoto kama gari halijui njia ya kwao. Mugumu kuna nyumba ya hifadhi inayowapokea mabinti hawa, na wanaokwenda kuwachukua usiku walikuwa wakipotea katika vijia visivyo na jina.

Hebu mtazame mchoraji huyu. Naye yuko mbali. Naye hajafika. Naye hutumia kidole. Lakini kazi yake haikamiliki bila mtu wa hapa, maana picha ya setilaiti haina majina. Inaonyesha paa, haisemi ni kwa nani. Inaonyesha njia, haisemi inakwenda wapi. Ilibidi watu wa vijijini watembee na simu zao wakiandika hiki ni kitongoji fulani, hii ni shule, hii ni zahanati. Mgeni alichora mstari na mwenyeji akaupa jina. Nami hunichekesha kidogo kwamba wengine walipambana tusiwe na barabara, na wengine, kwa simu zile zile, walikesha wakizitafuta njia zetu za ng'ombe.

Wapo wazee, na baadhi ni rika langu, wasemao kuwa hili la ukeketaji ndilo uingiliaji mkubwa kuliko lile la barabara. Barabara ni lami tu, wanasema, lakini hii ni mila. Nimewajibu mara nyingi, na jibu langu ni fupi: binti amekimbia kwa miguu yake mwenyewe. Nimekuwa na mabinti darasani waliotoroka siku mbili kabla, na hakuna Mzungu aliyekuja kuwatorosha. Aliye ndani ya jambo ndiye aliyeita. Mtu akiita, aliye mbali na aliye karibu wote wana wajibu wa kuitika, na umbali si udhuru wala si kosa.

Kwa hiyo ningependa kipimo kiwe hiki: je, aliye mahali pale ameita? Wameru waliita. Mabinti waliita. Watu wa Lira mwaka 2012 hawakuulizwa, na sisi mwaka 2010 hatukuulizwa. Ningefurahi kama kipimo hiki kingetosha, lakini nyumbu wananikatalia. Nyumbu hawezi kuita. Hana sahihi, hana simu, hana mjumbe wa kumpeleka New York, na kama tungesema kwamba asiyeita asitetewe, basi tungekuwa tumemhukumu kwa sababu ya ububu wake. Vivyo hivyo na mtoto wa mjukuu wangu ambaye hajazaliwa, atakayekuja kuuliza Mto Mara ulikuwa na maji kiasi gani. Nimekwenda na hoja hii huku na huku, na kila mara nafika mahali hapa nakwama. Nadhani anayemtetea asiyeweza kuita anatakiwa angalau amtafute jirani yake anayeweza kusema, amuulize kuokoka kwa huyu bubu kutamgharimu nini. Wale wa mwaka 2010 wangemkuta jirani huyo bila shida. Tulikuwa wengi, na tulikuwa tukingojea basi.

Mwezi uliopita mjukuu wangu aliye chuoni Mwanza aliniletea katika simu ombi la kutia sahihi. Ni juu ya bomba la mafuta ghafi linalotoka Hoima, Uganda, kuja Chongoleani, Tanga, kilometa 1,443. "Babu, wewe ni mtu wa mazingira, bonyeza hapa chini," aliandika. Nilimwuliza kama anamjua mtu yeyote ambaye shamba lake limepitiwa na bomba hilo, awe anataka lijengwe au hataki. Alisema hapana, ila ombi limeshatiwa sahihi na watu wengi sana. Nikamwambia aniulizie kwa mwanafunzi mwenzake yeyote wa Tanga au wa Bukoba, waliofanyiwa tathmini walilipwa kiasi gani, na waliobaki wanasema nini. Alinijibu kwamba ombi linafungwa Ijumaa. Ijumaa imepita, nami bado nangoja yule mwanafunzi wa Tanga apatikane.